Leveli Haimuui Margit

Swali hili sitalijibu tena kwa mdomo: "Kaka, Margit anataka leveli ngapi?" Margit ni bosi wa mwanzo kwenye mchezo wa video wa Elden Ring, na leveli unazinunua kwa runi, fedha unazopata ukiua maadui. Nimeulizwa na machalii wa Ngarenaro, nimeulizwa na wa Kijenge, nimeulizwa hata na baba mtu mzima aliyekuja kumfuata mwanawe akaishia kukaa yeye kwenye kiti. Wiki hii kaja dogo mwenye leveli 38. Kazipata kwa kupita ule mlango wa kimiujiza karibu na Third Church of Marika, unaokurusha hadi Bestial Sanctum: anachinja vijitu vya pale, anapumzika, vinafufuka, anachinja tena. Kisha kaenda kwa Margit kifua mbele. Fimbo mbili, nyundo moja, chini. Akaniangalia kana kwamba pedi yangu ndiyo mbovu.

Kibiashara sina neno. Hapa bandani kwangu, ninapolipisha watu kwa saa kucheza, wateja wengi ni wa mpira, na anayesaga leveli analipa saa yake kama wengine, tena hapigi kelele za penalti. Mkiendelea kuamini kwamba leveli ndiyo nguvu, mimi nalipa umeme bila shida. Lakini nimechoka kuangalia.

Nikamwambia dogo afungue begi. Upanga wake, Longsword, ni +0, yaani haujaboreshwa hata mara moja. Mawe ya mhunzi ya daraja la kwanza, yale ya kuboreshea silaha, anayo 17, yamekaa tu. Mbegu za dhahabu mbili, hazijatumika. Chozi takatifu moja, halijatumika. Yaani mtu ana leveli 38 na anapigana na silaha aliyozaliwa nayo, anakunywa chupa zilezile nne za dawa alizopewa mwanzo, na anauliza kama leveli 45 itatosha.

Haitatosha. Na nitaeleza kwa nini, maana hapa ndipo watu wengi wanaponikera.

Strength (nguvu) na Dexterity (wepesi), zile sifa unazozipandisha kwa leveli, hazimpigi mtu. Pointi unazoweka pale zinapita kwenye silaha kwanza, na silaha ndiyo inayoamua utalipwa kiasi gani. Hesabu yenyewe, ukiondoa makandokando, iko hivi: mchezo unachukua nguvu ya msingi ya silaha, unaongeza juu yake sehemu inayotokana na pointi zako, na sehemu hiyo inapigwa kwa nguvu ileile ya msingi. Msingi ukiwa mdogo, bonasi nayo inakuwa ndogo. Longsword ya +0 ina msingi wa 110. Ikifika +25 ni 269. Kila daraja linaongeza karibu asilimia 6 ya ule msingi wa mwanzo, na uwezo wake wa kulipa pointi zako unapanda pamoja nalo. Kwa hiyo pointi ileile ya Strength uliyonunua kwa jasho inalipa vizuri zaidi kwenye silaha iliyopanda kuliko kwenye silaha iliyolala. Dogo alinunua pointi nyingi, akazipeleka mahali pasipolipa.

Halafu kuna zile herufi zinazoandikwa kwenye kila silaha. Mungu wangu, zile herufi. E, D, C, B, A, S. Machalii wanazisoma kama matokeo ya kidato cha nne: kaona silaha ina B, anatupa yenye C. Herufi ile haisemi silaha ni nzuri. Inasema tu silaha inalipa pointi zako kwa kiwango gani, na kila herufi inafunika viwango vingi. Kuna C iliyobakiza kidogo iwe B, na kuna C iliyotoka D jana. Zaidi ya hapo, herufi haikuambii msingi ni kiasi gani. Silaha yenye B na msingi mdogo inaweza kupigwa na yenye C na msingi mkubwa, hasa kama pointi zako bado ni chache. Mwanzoni mwa mchezo una pointi gani za kukufanya uhangaike na herufi? Una 14, una 16. Angalia namba ya shambulio iliyoandikwa pale, basi. Herufi utaziangalia ukivuka 40.

Mawe hayana fumbo. Silaha ya kawaida hadi +3 inataka mawe ya daraja la kwanza 2, kisha 4, kisha 6. Jumla 12. Dogo alikuwa nayo 17! Na wala hakuhitaji kumtafuta mhunzi Hewg; kale kafuawe ka pale Church of Elleh, kanisa la kwanza kabisa unalokutana nalo, kanakufikisha +3. Ukipungukiwa, Limgrave Tunnels, mgodi wa Limgrave, eneo la kuanzia, ukutani mmejaa. Silaha za Somber, zile za pekee zenye mawe yake, zinaishia +10 na kila daraja ni jiwe moja, kwa hiyo usimcheke mwenye +4 wakati wewe una +10 ya kawaida: mko sawa. Ukifika Liurnia, eneo linalofuata, shuka Raya Lucaria Crystal Tunnel, muue bosi Crystalian, chukua ile kengele yake, ipeleke kwa wale mapacha wauzaji wa Roundtable Hold. Kuanzia hapo mawe ya daraja la kwanza na la pili unanunua dukani.

Chupa: mbegu zinaongeza idadi, hadi 14. Machozi yanaongeza kiasi cha kila funda, hadi +12. Machozi yako makanisani. Limgrave lipo moja, lakini Weeping Peninsula, pale kusini ambako hakuna anayetaka kwenda kwa sababu "stori haielekei huko", yapo matatu. Sina la kuongeza.

Mzigo wa vifaa usifike asilimia 70 ya uwezo wako, la sivyo ukibiringika kukwepa pigo utakuwa kama gunia. Tusonge.

Sasa Vigor, sifa inayoongeza damu, yaani uhai wako. Hapa leveli zina maana kweli, na hapa ndipo mnapozinyima. Ukiwa na Vigor 10 una damu 414. Ukiweka pointi tano, ukafika 15, unapata 522. Mtu anaona pointi tano zimempa damu 108, anasema hii ni wizi, anahamia Strength. Namwelewa, ila kaondoka duka likiwa ndiyo kwanza linafunguliwa. Vigor 25 ni damu 800. Vigor 40 ni 1450. Yaani kati ya 25 na 40 kila pointi moja inakupa zaidi ya damu 40, mara mbili ya ulichokuwa unapata mwanzoni. Baada ya 40 mchezo unaanza kubana, 60 ni 1900, na kutoka 60 hadi 99 pointi zote 39 zinakupa damu 200 tu. Kwa hiyo atakayekuambia Vigor hailipi, muulize aliishia ngapi. Atasema 18.

Kosa lingine la familia hiyohiyo: Grafted Blade Greatsword, lile panga analolitoa bosi Leonine Misbegotten wa Castle Morne. Linataka Strength 40. Nimeona watu wakisaga hadi 40 na Vigor 12, wakitembea na panga kubwa na kufa kwa mshale. Ukishika silaha kwa mikono miwili, Strength yako inahesabiwa mara moja na nusu. 27 inatosha. Zile 13 zilizobaki ni damu.

Kuhusu mpangilio wa mabosi, mzizi wa tatizo ni kwamba wengi mmetokea kwenye michezo ambayo dunia inakua pamoja na wewe. Oblivion ya 2006 ilikuwa hivyo, ukipanda na majambazi wanapanda. Elden Ring haifanyi hivyo. Kila eneo lina ugumu wake uliopangwa, na halijali umekuja lini. Kuna kasha pale Dragon-Burnt Ruins ukilifungua linakurusha hadi Sellia Crystal Tunnel, Caelid, na kila mwezi ananipigia mtu simu kutoka mle ndani akisema mtu wake ni dhaifu. Si dhaifu, yuko mahali ambapo hakutakiwa kuwa. Toka nje ya shimo, upande farasi, ondoka.

Ule mwanga wa dhahabu unaokuonyesha njia unakuelekeza kwa Margit mapema mno, na naamini wamekusudia. Margit yupo pale ili akurudishe nyuma. Wewe unatafsiri kurudishwa nyuma kuwa ni kukosa leveli, wakati maana yake ni kwamba ramani nzima ya Limgrave na Weeping hujaigusa. Isitoshe, Margit si lazima. Kuna njia inayozunguka ngome ya Stormveil kando ya jabali hadi Liurnia. Godrick, bosi wa ngome hiyo, naye si lazima: kuingia mji mkuu wa Leyndell unatakiwa kuwa na Great Rune mbili, zile runi kubwa za mabosi wakuu, na Radahn anayo, Rennala anayo.

Mimi nawapanga watu hivi: Limgrave ya kusini na Weeping yote kwanza, silaha +3 au zaidi, kisha Margit. Ukiwa na runi 5000, mfanyabiashara Patches wa Murkwater Cave anauza pingu ya Margit, inambana awamu ya kwanza. Baada ya hapo Godrick, Liurnia, Rennala. Rennala asirukwe, kwa sababu ukishamshinda unaweza kupanga upya pointi zako zote kwa kitu kimoja maalumu kiitwacho Larval Tear, na kosa la Strength 40 linafutika. Baadaye Caelid au Altus, kwa mapenzi yako.

Na Margit mwenyewe, ukiwa na haya yote, bado atakuua. Anainua fimbo, anaishikilia hewani, anasubiri ubiringike, ndipo anashusha. Hakuna leveli inayotibu kubiringika mapema. Kodoa macho kwenye mkono wake, usikodoe kwenye fimbo.

Kuna mambo mawili ambayo mimi mwenyewe sijatulia nayo. La kwanza ni Mountaintops of the Giants na kuendelea. Ushauri wangu wote hapo juu unafanya kazi vizuri mpaka Leyndell, halafu kipigo kinaruka ghafla, na mtu aliyefuata kila neno langu anakufa kwa mapigo mawili. Nawaambia Vigor 60 na wanatoboa, lakini ushauri unaomlazimisha kila mtu afanane na mwenzake unaniacha na shaka kama mpangilio wa sehemu ile uko sawa. La pili ni mizimu ya kuita. Mimic Tear, mzimu unaokuwa nakala yako, walishaipunguza nguvu Machi 2022 na bado inambeba mtu. Siku nyingine naona ni sehemu ya ukuaji wa mhusika kama silaha nyingine yoyote. Siku nyingine naona chalii kamaliza bosi bila kuyajua mapigo yake hata moja, na bosi anayefuata anamlipisha. Nikiulizwa, jibu langu linategemea nimeulizwa Jumatatu au Ijumaa.

Ambaye bado anabisha kuhusu leveli, aende Shadow of the Erdtree, nyongeza ya Elden Ring iliyotoka tarehe 21 Juni 2024. Kuingia tu lazima uwe umewaua mabosi Radahn na Mohg. Ukishaingia, ukuaji wako unaongozwa na vipande vya Scadutree: viko 50, vinakupa ngazi 20, na vinafanya kazi ndani ya ardhi ile tu. Kelele za ugumu zilipigwa hadi siku chache baadaye wakatoa sasisho lililoongeza nguvu ya ngazi za mwanzo. Hapa bandani nilikuwa na mteja wa leveli zaidi ya 200 aliyekuwa anachapwa na askari wa kawaida. Nikamwomba afungue ukurasa wa Scadutree. Sifuri. Kipande cha kwanza kilikuwa chini ya msalaba uliokuwa unawaka karibu kabisa na pale alipoingilia, kaupita mbio juu ya farasi akiwahi kwenda kusaga.