Shuka liungue, uso ubaki

Kabla sijaingia na mpigapicha mgeni kwenye chumba cha kujifungulia, namwambia azime otomatiki ya mwanga. Kamera ikiachiwa ijiamulie hupima chumba kizima, na chumba kile kimejaa weupe: mashuka, kuta, taa ya dari. Ikiona weupe wote ule hupunguza mwanga, na uso wa mama Mweusi aliyelala katikati hugeuka kivuli. Macho hayaonekani tena. Kwa hiyo tunapima mwanga shavuni kwake. Shuka likiungua, yaani likibaki weupe mtupu pichani, na liungue.

Hapa Atlanta narekodi familia za Wamarekani Weusi wanaosubiri mtoto, na kila ninayemweleza kazi hii ananirudishia vifo. Si ajabu. Mwaka 2021 kiwango cha vifo vya uzazi Marekani kilikuwa 69.9 kwa kila vizazi hai 100,000 kwa wanawake Weusi, na 26.6 kwa wa Kizungu. Filamu ya Aftershock (2022), ya Paula Eiselt na Tonya Lewis Lee, inafuatana na wanaume wawili wa New York waliofiwa na wenzi wao. Naiheshimu sana. Ila filamu ya aina hiyo humkuta mama keshaondoka, na mimi nataka nimkute yupo, anabishana na mumewe kuhusu jina la mtoto.

Ninayoirudia zaidi ni kongwe: All My Babies ya George Stoney, iliyopigwa 1952 kwa ajili ya idara ya afya ya Georgia ili kufundishia wakunga. Yumo Mary Coley, mkunga Mweusi wa mji wa Albany, na mtoto anazaliwa kweli mbele ya kamera. Lakini kabla ya hapo unamwona akinawa mikono, akiandaa vifaa, akizungumza na mama taratibu. Ilitakiwa iwe somo la usafi tu! Tangu 2002 imo katika orodha ya filamu zinazohifadhiwa na Maktaba ya Bunge la Marekani.

Nasimama upande wa kichwa, kamwe si miguuni. Kinasa sauti namfunga baba, maana mama atavua kila kitu. Fomu ya ridhaa inasainiwa wiki kadhaa kabla, lakini uchungu ukikolea karatasi ile haina maana: mama au mkunga akiinua kiganja, kamera inashuka.

Halafu nangoja arobaini. Kwetu Tanga mzazi hukaa ndani siku hizo zote, na huku wanashangaa nisipopiga simu kuulizia picha. Zikiisha naenda na kompyuta, tunatazama pamoja, na asichokitaka kinatoka.

Mwaka jana mama mmoja alitazama saa nzima kimya, mtoto kifuani. Alinyoosha kidole mara moja tu, pale alipogeuza uso ukutani na mumewe akawa hajui aweke wapi mikono. Akasema, "Hiyo hapana."

Niliitoa. Mwanga wake ulikuwa umekaa sawasawa.