Gharama halisi ya mkopo wa nyumba: mbona nalipa kila mwezi na deni halishuki?

Jamaa yangu mmoja alinijia na karatasi ya benki mkononi, kanuna kweli kweli, ananiambia hawa watu wananiibia. Miaka mitano analipa mkopo wa nyumba, hajaruka hata mwezi mmoja, afu kaenda kuomba salio la deni lake anaambiwa bado anadaiwa zaidi ya asilimia 90 ya alichokopa. Tukakaa chini tukapiga hesabu mstari kwa mstari na kumbe hamna aliyemwibia, hesabu ilikuwa hivyo hivyo tangu siku anasaini, sema siku ile macho yake yote yalikuwa kwenye namba moja tu, rejesho la mwezi.

Na hapo ndo wengi tunapoangukia. Tunauliza "kwa mwezi nitakatwa ngapi?" tukiona mshahara unatosha basi, kalamu iko wapi.

Gharama halisi ya mkopo wa nyumba, au mogeji kama wengine wanavyoiita, ni pesa yote itakayokutoka kwa sababu tu ulikopa, kuanzia siku ya kusaini mpaka siku unarudishiwa hati yako, ukiondoa ile pesa yenyewe uliyopewa. Ndani yake kuna riba, ambayo ndo mzigo wenyewe, kuna ada za mwanzo, kuna bima, na kuna faini za hapa na pale. Bei ya nyumba ni kitu kingine. Nyumba ya milioni 100 inaweza kukugharimu milioni 216 au milioni 370 na ni nyumba ileile, bati zilezile, riba ileile, kilichobadilika ni muda tu. Ntaonyesha.

Tuchukue milioni 100, ya pesa yoyote unayotumia wewe, riba asilimia 12 kwa mwaka, miaka 20, rejesho linalolingana kila mwezi na riba inapigwa kwenye salio lililobaki. Rejesho linakuja 1,101,086. Zidisha mara miezi 240 unapata kama milioni 264.3. Yaani umekopa 100, umerudisha 264, riba peke yake milioni 164. Hiyo namba ya 264 mara nyingi ipo kwenye makaratasi, ila iko ukurasa wa ndani huko, na nani anafika huko siku anayokabidhiwa funguo?

Sasa angalia mwezi wa kwanza kwa karibu maana siri yote imelala hapo. Asilimia 12 kwa mwaka ni asilimia 1 kwa mwezi, na mwezi wa kwanza unadaiwa milioni 100 nzima, kwa hiyo riba ya mwezi huo ni milioni 1 kamili. Umelipa 1,101,086, milioni 1 imeenda kwa riba, kilichopunguza deni ni 101,086 tu. Mwezi wa pili deni ni 99,898,914, riba yake 998,989, deni linapungua kwa 102,097. Mwezi wa tatu vivyo hivyo, unasogea kwa kihatua cha kinyonga. Riba ni kama kodi ya pango, ila hapa umepanga pesa badala ya chumba, na mwanzoni umepanga pesa nyingi kwa hiyo kodi ni kubwa, karibu rejesho lote linaishia kwenye kodi.

Ndo maana baada ya miaka mitano, kwenye huu mfano wetu, umeshalipa milioni 66 na salio ni milioni 91.7. Soma tena. Milioni 66 zimetoka, deni limeshuka milioni 8 na kitu. Miaka kumi, nusu ya safari, bado unadaiwa milioni 76.7. Deni linakuja kufika nusu karibu na mwaka wa 15 unaisha! Na rejesho la kwanza ambalo sehemu yake ya deni inazidi sehemu ya riba ni la 172, miaka 14 na miezi minne toka umesaini. Kabla ya hapo kila mwezi riba inakula zaidi ya nusu ya unacholipa. Miaka mitano ya mwisho ndo deni linaporomoka kweli kweli, kwa sababu salio limekuwa dogo na riba haina tena cha kushika.

Hii siyo ujanja wa benki, hata wewe ukimkopesha mtu kwa masharti hayo hesabu itakuja hivyohivyo. Ila ina matokeo yake kwa anayedhani atauza nyumba baada ya miaka minne mitano ahamie kubwa zaidi, maana atakuta sehemu kubwa ya alicholipa ilikuwa kodi ya pesa, na kama bei ya nyumba haijapanda anaondoka na kidogo sana mkononi.

Jedwali linaloonyesha haya yote mwezi kwa mwezi linaitwa jedwali la marejesho. Liombe kabla hujasaini, siyo baada. Ukilipata usianze mstari wa kwanza, nenda mstari wa 60 uangalie safu ya salio. Hiyo namba ndo itakwambia mkopo wako ukoje kuliko tangazo lolote.

Turudi kwenye muda, maana hapa watu wanapoteza pesa wakidhani wanapewa unafuu. Mkopo uleule wa milioni 100 kwa asilimia 12, ukiuvuta mpaka miaka 30 rejesho linashuka toka 1,101,086 mpaka 1,028,613. Unafuu wa kama elfu 72 kwa mwezi. Jumla sasa? Milioni 370. Umenunua unafuu wa elfu 72 kwa milioni 106 zaidi, afu unashukuru umepunguziwa. Ukienda upande mwingine, miaka 15, rejesho linapanda kama elfu 99 tu, linakuwa 1,200,168, na jumla inashuka mpaka milioni 216, umeokoa milioni 48. Sisemi kila mtu aende miaka 15, kuna mtu hiyo elfu 99 ndo nauli na ada ya mtoto, na kukopa kwa muda mrefu ukalipa bila presha ni bora kuliko kukopa kwa muda mfupi ukashindwa nyumba ikapigwa mnada. Ninachosema ni kwamba unafuu wa mwezi una bei yake, ijue.

Asilimia ya riba yenyewe nayo, watu wanaichukulia poa. Toka 12 kwenda 13 unaona ni moja tu, lakini kwa miaka 20 hiyo moja ni karibu milioni 17. Kwa hiyo kuzunguka benki tatu nne kuulizia inaweza kuwa ndo kazi yenye malipo mazuri kuliko zote ulizowahi kufanya mwaka huo.

Kuna mtego mwingine hapa, riba ya flati. Mkopeshaji anakwambia asilimia 7 tu, wewe unaona wengine wote wanasema 10, 11, unakimbilia huku. Riba ya flati inapigwa kwenye pesa yote uliyokopa mwanzo, kila mwaka, hata kama deni umeshalipunguza nusu. Milioni 100 kwa asilimia 7 ya flati miaka 20 ni riba ya milioni 140, rejesho milioni 1 kwa mwezi. Ukiigeuza iwe riba ya salio linalopungua unapata kama asilimia 10.5. Yaani ile 7 ni 10.5 imevaa nguo nyingine. Uliza swali moja tu, riba inapigwa kwenye salio au kwenye mkopo wa mwanzo? Akianza kuzungukazunguka ujue jibu.

Afu riba inayobadilika. Mikopo mingi ya nyumba riba yake haijafungwa miaka yote, inapanda na kushuka kufuata soko. Tuseme umelipa miaka mitano kwa 12, salio ni ile milioni 91.7, riba inapanda mpaka 14. Rejesho linaruka mpaka karibu 1,221,800. Mbaya zaidi ni pale mkopeshaji anapokwambia usijali, rejesho lako tunaliacha palepale tutaongeza muda tu. Kwa 14, riba ya mwezi kwenye hilo salio ni 1,070,351, na wewe unalipa 1,101,086, kinachogusa deni ni elfu 30 na ushee. Ukipiga hesabu, miezi 180 iliyokuwa imebaki inakuwa zaidi ya 300. Ulibakiza miaka 15, sasa una 25 na zaidi, na hamna mwezi hata mmoja ulioona rejesho limepanda. Hii ndo inaniogopesha kuliko zote kwa sababu haiumi siku inapotokea.

Ada za mwanzo sitakaa sana. Kuna ada ya kushughulikia mkopo, mthamini wa nyumba, wakili, ushuru wa stempu, kusajili rehani, kila nchi na zake. Angalizo langu ni moja, ukiambiwa "hizo ada usitoe mfukoni tutaziingiza kwenye mkopo", ada ya milioni 3 ikiingia kwenye mkopo wa mfano wetu inakuja kulipwa kama milioni 7.9. Bima nayo hivyohivyo kama imekatwa yote mwanzoni ikaongezwa kwenye deni, unalipia riba miaka 20 kwa bima. Bima ya mkopo siyo kitu kibaya, ukifa familia haifukuzwi, ila angalia inalipwaje. Na ili ulinganishe wakopeshaji wawili omba kiwango cha mwaka chenye riba na ada ndani yake, siyo riba peke yake. Marekani walipitisha sheria mwaka 1968 ya kuwalazimisha wakopeshaji wakionyeshe, na nchi nyingine nyingi zina sheria za namna hiyo, kwa hiyo siyo swali la ajabu, usione aibu.

Sasa niwe mkweli upande wa pili pia maana kuna watu wanachukua ile milioni 264 wanatishia nayo wenzao wasikope kabisa. Milioni 264 siyo pesa ya leo. Mfumuko wa bei ukiwa asilimia 5 kwa mwaka, lile rejesho la mwisho la 1,101,086 la mwaka wa 20 litakuwa na nguvu ya kununua kama 415,000 ya leo. Rejesho limesimama palepale wakati bei za vitu na pengine mshahara wako vinapanda, kwa hiyo miaka ya mbele linakuwa jepesi. Pia usipokopa unalala wapi? Kodi ya nyumba unalipa na kila baada ya muda inapandishwa, kwa hiyo ulinganisho wa haki ni riba, ada, bima na ukarabati kwa upande mmoja, na kodi ambayo ungelipa kwa upande mwingine. Lile deni unalopunguza siyo gharama, hiyo ni pesa yako imehamia ukutani. Kuna wakati mkopo unashinda, kuna wakati kupanga kunashinda, inategemea riba na kodi za mahali ulipo. Na kitu kimoja ambacho sina mjadala nacho: kopa kwa sarafu unayolipwa mshahara, la sivyo sarafu yako ikishuka thamani deni linapanda bila wewe kufanya chochote.

Yule jamaa yangu sasa. Baada ya kupoa akaniuliza, kwani ntafanyaje. Alikuwa na hela kidogo kaweka pembeni, nikamwambia kwanza soma mkataba kama kuna adhabu ya kulipa mapema, maana wengine wanatoza. Kwake haikuwepo. Akaenda kupunguza deni, na pale dirishani kapewa fomu yenye viboksi viwili, kupunguza rejesho au kupunguza muda. Alinipigia simu papo hapo, niweke tiki wapi?

Kwa mfano wetu, baada ya miaka mitano ukipeleka milioni 10 ukachagua kupunguza rejesho, rejesho linashuka mpaka kama 981,000, muda unabaki miaka 15, na riba unayookoa ni kama milioni 11.6. Ukichagua kupunguza muda, rejesho linabaki 1,101,086, unamaliza kwa miaka 11 na miezi kama mitano badala ya 15, na unaokoa kama milioni 38. Milioni 10 zilezile, siku ileile, tofauti ni kiboksi.

Akaweka tiki kwenye muda. Afu akaniambia yule dada wa dirishani alishangaa kidogo, eti wengi wanaweka kule kwingine.