Je, wajua kwa nini filamu ya Mandabi ilipigwa mara mbili?

Mwaka 1968, mwongozaji wa Senegal Ousmane Sembène alikuwa akimaliza kupiga onyesho kwa Kiwolof, lugha ya wengi nchini Senegal, kisha waigizaji walewale wanalirudia kwa Kifaransa. Sababu ilikuwa fedha. Sehemu ya gharama ilitoka katika mfuko wa serikali ya Ufaransa wa kusaidia sinema, na sharti lake lilikuwa filamu izungumze Kifaransa. Sembène alilitimiza sharti hilo, akapata na filamu aliyoitaka mwenyewe. Kazi ikawa mara mbili, na mikanda ya filamu nayo ni ghali.

Kwa nini ajitwishe mzigo huo? Filamu yake ya 1966, La Noire de..., ilikuwa imemfunza. Diouana, mtumishi wa ndani aliyetoka Dakar kwenda Ufaransa, hajui kusoma. Hata barua ya mama yake anasomewa na mwajiri. Lakini mawazo yake tunayasikia kwa Kifaransa safi, tena kwa sauti ya mwigizaji wa Haiti, Toto Bissainthe, si ya Mbissine Thérèse Diop tunayemwona. Picha inasema kweli, sauti inaikana.

Katika Mandabi kasoro hiyo ingeua kisa chenyewe. Ibrahima Dieng, mzee wa Dakar mwenye wake wawili na asiye na kazi, anatumiwa na mpwa wake aliye Paris hawala ya posta ya faranga 25,000. Posta wanadai kitambulisho. Kitambulisho kinadai cheti cha kuzaliwa, picha na stempu. Mpiga picha anakula pesa na picha hazitoki. Nyumbani wakopaji wamekwisha kupiga hodi, maana habari za pesa hutangulia pesa zenyewe. Mwishowe jamaa yake msomi, aliyepewa idhini ya kwenda kuzichukua, anamdhulumu zote. Kila mlango unamfungia Dieng kwa sababu karatasi za ofisini ni za Kifaransa na yeye hazisomi. Ukimfanya aongee Kifaransa sawasawa na karani, mtazamaji atajiuliza: sasa kinachomshinda ni nini?

Kulikuwa na sababu kubwa zaidi. Sembène alikuwa mwandishi wa riwaya tangu 1956, ila watu aliowaandika, makuli na wafanyakazi wa reli, wengi wao hawakuweza kumsoma. Ndiyo maana alipokaribia miaka 40 alikwenda Moscow kujifunza sinema. Kuwaonyesha filamu ya Kifaransa kungekuwa kuwarudisha palepale.

Baada ya hapo filamu zake nyingine zilitumia lugha za Afrika Magharibi: Emitaï (1971) Kidiola, na Moolaadé (2004) Kibambara. Kifaransa hakukifukuza, alikiacha kwa wanaokitumia kweli maishani. Katika Xala (1975), mfanyabiashara El Hadji anamsemesha binti yake Rama kwa Kifaransa, naye anamjibu kwa Kiwolof, na baba anakasirika.