Eti Ulaya wana sheria moja? Dhana potofu kuhusu mikataba, mali na fidia kule

"Siku hizi Ulaya ni sheria moja tu, EU ilishaziunganisha." Hii ndo naisikia kuliko zote, na wanaoisema si wajinga, wanaona euro, wanaona viza moja inakuzungusha nchi kibao, basi wanamalizia kwamba hata sheria za mtu na mtu mwenzake, yaani mikataba, mali, dhamana, fidia, nazo zimekuwa moja. Hazijawa.

Chukua kitu kidogo kabisa, baiskeli. Umeichagua dukani, umelipa, umemwambia muuzaji ntapita kesho kuichukua. Ufaransa hiyo baiskeli ishakuwa yako, kifungu cha 1583 cha Code civil, kitabu chao cha sheria za kiraia, kinasema mkishakubaliana kitu na bei umiliki umehama, hata kama kitu hakijakabidhiwa na hela haijatoka. Ujerumani bado ni ya muuzaji, kwa sababu kwao kukubaliana kuuziana ni mkataba mmoja, kuhamisha umiliki wa baiskeli ni mkataba wa pili unaosimama wenyewe, na kuhamisha hela ni wa tatu, ndo maana wanafunzi wa sheria kule huambiwa kwamba ukinunua mkate asubuhi umeshaingia mikataba mitatu na chai hujanywa. Unaweza kuona ni maneno ya vitabuni tu, ila ngoja muuzaji afilisike usiku ule ule. Mfaransa anadai baiskeli yake, Mjerumani anapanga foleni na wadai wengine. Na hawa ni majirani, wanatumia hela moja, treni inawavusha mpaka mara nyingi bila hata kuonyesha pasi.

Siyo kwamba hawajajaribu. Bunge la Ulaya liliomba kitabu kimoja cha sheria za kiraia mwaka 1989, likaomba tena 1994. Profesa Ole Lando wa Denmark na wenzake walikaa miaka na miaka wakatoa kanuni za mikataba za Ulaya, halafu mwaka 2009 kundi lililoongozwa na Christian von Bar wa Ujerumani likatoa rasimu kubwa zaidi ya mavolumu kadhaa. Wasomi wakafurahi. Mwaka 2011 Kamisheni ya Ulaya, yaani watendaji wa EU, ikaleta pendekezo la sheria ya pamoja ya mauzo, tena ya hiari, muuzaji na mnunuzi waichague wenyewe wakitaka, na hata hiyo serikali kadhaa zikaigomea, mwishoni mwa 2014 Kamisheni ikatangaza inaiondoa mezani. Kilichobaki ni direktivi mbili za mwaka 2019, yaani maagizo ya EU ambayo kila nchi inatakiwa iyaweke kwenye sheria zake, moja ya bidhaa na nyingine ya vitu vya kidijitali. Kwa maoni yangu ilikuwa lazima ife, huwezi kuwaambia watu waache sheria waliyoizoea wachague ngeni ambayo hakuna jaji hata mmoja ameshaitolea hukumu.

Sasa hapo kwenye direktivi kuna dhana nyingine, kwamba ikishatoka Brussels, makao ya EU, basi kesho yake unaibeba mahakamani na kumbana mtu nayo. Mwezi wa kwanza 1989, kituo kikuu cha treni cha Milan, msichana mmoja anasimamishwa na muuzaji anasaini mkataba wa kozi ya Kiingereza ya kusoma kwa posta. Siku chache baadaye anaandika barua kwamba ameghairi. Kampuni inamwambia lipa. Kulikuwa na direktivi ya 1985 inayompa mlaji siku zisizopungua saba za kughairi mkataba aliosainishwa nje ya duka, na Italia ilitakiwa iwe imeiweka kwenye sheria zake tangu mwisho wa 1987, haikufanya. Kesi ikafika Luxembourg, kwenye mahakama ya EU, na mwaka 1994 mahakama hiyo ikasema direktivi ni amri kwa serikali, huwezi kuitumia yenyewe dhidi ya kampuni binafsi, majaji wa Italia wajitahidi kuisoma sheria yao ielekee huko na ikishindikana mdai serikali fidia. Yaani haki alikuwa nayo, ila hakuweza kumwonyesha nayo kidole yule anayemdai. Kanuni ya EU (regulation) ni kitu kingine, ile ya 2004 ya ndege kuchelewa au kufutwa, yenye fidia ya euro 250 hadi 600, hiyo inafanya kazi moja kwa moja, haingoji bunge la nchi yoyote.

Wengine wakisikia hivyo wanageukia upande wa pili, kwamba basi Brussels ni kelele tu. Hapo nawapa stori ya jiko. Mjerumani mmoja aliagiza jiko la umeme mwaka 2002 kwa kampuni inayouza kwa oda ya posta, mwanzoni mwa 2004 akakuta rangi ya ndani ya oveni inabanduka. Kutengeneza haiwezekani, kampuni ikamletea jiko jipya, sawa, ila ikamtoza euro 69.97 kwa kuwa alishalitumia lile bovu mwaka na nusu. Na sheria ya Ujerumani kweli ilikuwa inaruhusu, ukisoma BGB, kitabu chao cha sheria za kiraia, hakuna ubishi. Chama cha walaji kikafungua kesi kudai hizo hela zirudishwe, Luxembourg mwaka 2008 ikasema kampuni haiwezi kumtoza, direktivi ya EU inasema kubadilishiwa bidhaa mbovu ni bure, na bure ni bure. Mahakama kuu ya rufaa ya Ujerumani ikabidi ikisome kifungu chake tofauti na kilivyoandikwa, na bunge likaenda kurekebisha BGB. Euro sabini zikabadilisha kitabu cha mwaka 1900 ambacho Wajerumani wanakiheshimu kuliko unavyofikiria!

Halafu kuna hii, huwa haifi: "Waingereza sheria yao ni ya majaji, wa Ulaya bara sheria yao ni ya kitabu, jaji anasoma tu." Uingereza mauzo ya bidhaa yameandikwa kwenye sheria ya bunge tangu 1893 (na Scotland usiwachanganye na England, wao wana mchanganyiko wao, nusu ya Kirumi). Na Ufaransa ndo kichekesho, Code civil ya 1804 ilikuwa na vifungu vitano tu vya fidia ya madhara, 1382 mpaka 1386, na kimsingi ukitaka kulipwa unathibitisha kosa la mtu. Viwanda vikaja, mashine zinalipuka, mjane atathibitishaje kosa la nani? Mwaka 1896 boila ya tagiboti (boti ya kuvuta meli) ililipuka ikaua fundi, Cour de cassation, mahakama ya juu ya Ufaransa, ikachukua maneno machache ya kifungu cha 1384 ambayo kwa miaka tisini hivi karibu hakuna aliyeyajali, ikasema mwenye kitu anawajibika kwa madhara ya kitu chake. Mwaka 1930, kwenye ajali ya lori, ikakaza kabisa, kuthibitisha kwamba hukufanya kosa hakukusaidii. Sehemu kubwa ya sheria ya ajali ikatoka kwa majaji, kwenye nchi ambayo kitabu chenyewe kinamkataza jaji kujitungia kanuni.

Kuhusu Roma nitapita haraka. Siyo kweli kwamba sheria ya Kirumi ilitiririka bila kukatika tangu enzi za mfalme Justinian. Digest yake, mkusanyo wa maandiko ya wanasheria wa Kirumi, ni ya 533, Ulaya magharibi karibu waisahau karne nyingi mpaka Bologna, Italia, walipoanza kuifundisha upya mwishoni mwa karne ya 11. Na vitabu vya kitaifa, Prussia 1794, Ufaransa 1804, Austria 1811, Ujerumani 1900, viliunganisha mikoa ndani ya nchi lakini vikatenganisha nchi na nchi, kabla ya hapo mwanasheria wa Bologna na wa Leiden, Uholanzi, walikuwa wanabishana kwa Kilatini kimoja na vitabu vile vile.

Na ya mwisho, eti haya ni ya Wazungu hayatuhusu. Kigoma unafuata sheria ya mikataba iliyorithi ile ya India ya 1872, ambayo damu yake ni Uingereza, vuka ziwa mpaka Kalemie unakuta kitabu cha mikataba cha 1888 walichoacha Wabelgiji, ambacho babu yake ni ile Code civil ya Napoleon. Mpaka wa Calais na Dover, yaani wa Ufaransa na Uingereza, uko pale Ziwa Tanganyika. Tena Congo iliingia OHADA, umoja wa kuunganisha sheria za biashara, mwaka 2012, nchi 17 za Afrika zenye sheria moja ya mauzo kati ya wafanyabiashara, inafanya kazi moja kwa moja kila nchi bila kupita bungeni, na mahakama yao ya juu iko Abidjan. Kile ambacho Brussels iliomba mwaka 2011 ikanyimwa, mfanyabiashara wa Lubumbashi anacho.