Zuio la muda linalinda nini mauziano ya ardhi yanapoingia mgogoro

Mnunuzi amelipa sehemu ya bei, amekabidhiwa funguo, ameingia na familia. Baadaye muuzaji anapata mteja mwenye fedha nyingi zaidi, na siku moja mafundi wanafika kubadilisha vitasa. Kesi kuhusu mkataba inaweza kuchukua miaka. Lakini lipo swali lisiloweza kusubiri: nani akae humo hadi hukumu itoke?

Hapo ndipo mtu huomba amri ya zuio la muda, yaani amri ya mahakama inayomkataza mtu kufanya jambo fulani kuhusu mali hadi kesi iamuliwe. Wengi wanaokuja kwetu kutaka ushauri huamini kwamba atakayeipata ameshashinda. Sivyo. Amri hiyo haisemi mkataba ni halali, wala haihamishi umiliki. Kazi yake ni kuhakikisha kwamba siku ya hukumu bado kutakuwa na kitu cha kuhukumia.

Vipimo vyake katika Afrika Mashariki vimezoeleka. Tanzania hutumia shauri la Atilio dhidi ya Mbowe la 1969, na Kenya lile la Giella dhidi ya Cassman Brown la 1973. Kwa ufupi, mwombaji aonyeshe kwamba kuna suala zito la kuamuliwa na dalili kwamba anaweza kushinda. Kwamba bila amri atapata madhara ambayo fedha haiwezi kuyafidia. Na kwamba usumbufu utakaompata akinyimwa ni mkubwa kuliko utakaompata mwenzake amri ikitolewa. Sharti la pili ndilo linaloangusha waombaji wengi. Kama kiwanja kilinunuliwa ili kiuzwe tena kwa faida, muuzaji atasema hasara hiyo inahesabika, na hoja yake ina nguvu. Makazi ya familia au shamba linalowalisha ni jambo jingine, na hilo lielezwe waziwazi kwenye hati ya kiapo, yaani maelezo ya maandishi yanayotolewa chini ya kiapo.

Sasa tuje kwenye suala la nani anakalia mali, ambalo kwa maoni yangu ndilo kiini cha migogoro hii. Mahakama itauliza mambo mawili: nani alikuwa anaikalia kwa amani kabla ugomvi haujaanza, na aliingiaje? Aliyeingia kwa ridhaa ya muuzaji, chini ya mkataba, ana msingi wa kuomba asibughudhiwe. Aliyevunja mlango usiku wa kuamkia siku ya kufungua kesi hawezi kuiita hiyo hali iliyopo na kuomba ilindwe.

Mnunuzi ambaye hajaingia kabisa asiombe zuio ili apate kuingia. Kumtoa mtu na kumweka mwingine kabla ushahidi haujasikilizwa ni amri nzito, na mahakama huitoa kwa nadra sana. Aombe kile kinacholingana na hali yake: muuzaji azuiwe kuuza kwa mtu mwingine, kuweka mali rehani, kubomoa au kujenga. Huku nyuma, sheria ikiruhusu, aweke pingamizi kwa msajili wa ardhi, ili yeyote atakayepekua kumbukumbu za ardhi hiyo alikute.

Naye aliyetolewa kwa nguvu bila amri ya mahakama asijirudishe kwa nguvu. Afike mahakamani upesi, kwa sababu kila wiki anayokaa kimya humpa mpinzani nafasi ya kusema kwamba hali imeshatulia.

Mambo haya yote huthibitishwa kwa karatasi, na nasikitika kila ninapoona mkataba uliotaja bei mpaka senti ya mwisho lakini haukusema mnunuzi ataingia lini. Andikeni: ni siku ya kusaini, au baada ya malipo ya mwisho? Makabidhiano yafanyike kwa maandishi, yasainiwe mbele ya mashahidi. Stakabadhi za malipo, ankara za maji na umeme, picha zenye tarehe na viapo vya majirani vitunzwe tangu mwanzo.

Mnunuzi anayedaiwa awamu zilizobaki aseme ukweli huo mwenyewe, aonyeshe yuko tayari kulipa, na ikibidi ajitolee kuweka salio mahakamani. Akificha deni na likagundulika, amri inaweza kufutwa hata kama madai yake mengine ni ya kweli.

Amri ikishatolewa, kuivunja ni kuidharau mahakama, na adhabu yake inaweza kufika kifungo. Anayeona imetolewa kimakosa aombe itenguliwe. Aliyeipata naye asilale. Nchini Tanzania, zuio chini ya Kanuni za Mwenendo wa Madai halizidi miezi 6; linaweza kuongezwa, lakini jumla isipite mwaka 1. Nchini Kenya, zuio lililotolewa upande mmoja bila mwingine kusikilizwa halizidi siku 14, na lile lililotolewa baada ya pande zote kusikilizwa hukoma kesi isipoamuliwa ndani ya miezi 12, isipokuwa mahakama iamue vinginevyo kwa sababu ya kutosha. Tarehe hizo ziandikwe kwenye kalenda siku ileile amri inapotoka, na maombi ya kuongeza muda yapelekwe kabla haujaisha.