Bei moja ya mahindi na lita saba za dizeli

Mvua ya Rukwa haikuanza kunyesha mwaka 1975, wala udongo wa Mbozi haukupata rutuba ghafla mwaka huo. Hata hivyo, ndani ya miaka michache mikoa minne ya kusini mwa Tanzania, yaani Iringa, Mbeya, Rukwa na Ruvuma, iligeuka tegemeo la maghala ya serikali. Kilichobadilika zaidi ni bei.

Kabla ya hapo mkulima wa mbali alipata kile kilichobaki baada ya lori kulipwa. Ukiwa karibu na Dar es Salaam umekula vizuri. Ukiwa Sumbawanga, kulima mahindi ya kuuza kulikuwa kama kumlimia mwenye gari. Ukame wa 1973 hadi 1975 ukaingia, nchi ikaagiza nafaka nyingi kutoka nje, na kampeni ya Kilimo cha Kufa na Kupona ikatangazwa. Katika kipindi hicho serikali iliweka bei moja ya kununulia mahindi nchi nzima, mnunuzi akiwa ni Shirika la Usagishaji la Taifa, NMC, ambalo lilikuwa limekabidhiwa kazi ya kununua nafaka mwaka 1973. Kwa mkulima wa huku kusini ilikuwa haki aliyoingoja. Mimi siidharau sera hiyo hata kidogo. Bila bei ile, vijiji vingi vya nyanda za juu visingenunua bati wala baiskeli kwa mahindi.

Lakini kilomita hazifutwi kwa tangazo. Tupige hesabu kwa dizeli, maana thamani ya shilingi imebadilika mno. Lori la tani 10 linabeba magunia 111 ya kilo 90. Tukikadiria lita 35 kwa kila kilomita 100, safari ya Sumbawanga hadi Dar, takriban kilomita 1,150, kwenda na kurudi tupu inakula kama lita 800. Hiyo ni lita saba na ushee kwa kila gunia. Kutoka Iringa mjini, kama kilomita 500, ni lita tatu. Kutoka Morogoro ni lita moja na kidogo. Magunia yote matatu yalinunuliwa kwa bei ileile, na unga wake ukauzwa Dar kwa bei ileile iliyoshikiliwa chini. Pengo lile lilizibwa na mkopo wa benki ya serikali, mwaka hadi mwaka, na baada ya mafuta kupanda tena mwaka 1979 likawa shimo.

Kuna jambo la pili ambalo mara nyingi halitajwi. Mkulima wa Morogoro alikuwa na mlanguzi mlangoni, anayelipa zaidi ya bei ya serikali. Kwa hiyo mahindi ya karibu yalikwenda kwa mlanguzi, na NMC ikaachiwa yale ya mbali, ambayo hakuna mfanyabiashara aliyetaka kuyabeba. Shirika halikuwa na wastani wa kilomita nyingi na chache. Lilibaki na nyingi tu. Hapo ndipo naona kosa lilipo. Ujamaa wenyewe haukulazimisha bei moja: Umoja wa Kisovieti baada ya 1958 ulipanga bei za kununulia nafaka kwa kanda. Sisi tulichanganya mambo mawili katika namba moja, yaani kumfidia mkulima wa mbali na kuilisha Dar.

Vyama vikuu vya ushirika vilipovunjwa mwaka 1976, vijiji takriban 8,000 vikawa ndivyo vituo vya kununulia. Kila kituo kilihitaji mizani, fedha taslimu na magunia ya katani, vyote kwa wakati mmoja. Kimoja kikikosekana, mahindi yanakaa. Na yakikaa hadi Novemba, barabara ya udongo inakatika na panya wanaanza kula akiba ya taifa.

Unyevu nao ulikuwa na hesabu yake. Mahindi salama ghalani ni asilimia 13.5 au chini. Gunia la kilo 90 lenye unyevu wa asilimia 18 lina kilo 73.8 za mahindi makavu kabisa. Likianikwa mpaka 13.5 linabaki kilo 85.3. Aliyeanika vizuri amepoteza kilo 4.7 kwenye mizani. Bei inayotazama uzito peke yake humtoza faini mtu mwangalifu, halafu ukungu hutokea ghalani na lawama humwangukia mtunza ghala.

Upande wa pembejeo, mikopo ilipitia Benki ya Maendeleo Vijijini, na mbolea ilitengenezwa Tanga. Reli ya kati ya zamani na ya Tanga ina upana wa milimita 1,000, TAZARA, yaani reli ya Tanzania na Zambia inayopita Makambako, ina 1,067. Behewa la Tanga haliwezi kufika Makambako. Mfuko lazima ushushwe na kupakiwa upya. Kuchelewa wiki tatu kwa mbolea si hasara ndogo. Fosforasi haitembei ardhini, hivyo mbolea ya kupandia iwe shimoni siku ya kupanda, ikitengwa na mbegu kwa udongo wa sentimita tano hivi. Ukiimwaga juu mahindi yakiwa yamefika magotini, umelisha magugu. Mbolea ya kukuzia ndiyo inayotaka mahindi ya goti; ikifika mbelewele zimeshatoka, gunzi limeshaamua ukubwa wake. Tena SA, yaani salfeti ya amonia, iliyotumika sana, ina naitrojeni asilimia 21 tu na huongeza asidi, na udongo wetu wa mvua nyingi una asidi tayari.

Mwaka 1984 ruzuku ya sembe iliondolewa, na mtu akaruhusiwa kusafirisha hadi kilo 500 bila kibali. Mwaka 1987 vizuizi vya barabarani vikaondolewa. Kufikia katikati ya miaka ya 1990 ruzuku ya mbolea nayo ilikuwa imekwisha, na mkulima wa mbali akarudi kulipa kilomita zake mwenyewe mara mbili: mbolea ikija, mahindi yakienda.

Ruzuku ya mbolea iliyozinduliwa Mbeya Agosti 2022, DAP, mbolea ya kupandia, wakati huo ikiuzwa shilingi 70,000 kwa mfuko, imeondoa sehemu ya mzigo wa safari ya kuja. Safari ya kwenda bado. NFRA, wakala wa serikali wa hifadhi ya chakula, hulipa bei ya kituo, na kutoka shambani hadi kituoni ni juu yako. Kwa hiyo bei ikitangazwa, kwanza toa nauli ya kila gunia, kisha pima unyevu, kwa sababu gunia likikataliwa kituoni utalipa nauli ya kulirudisha pia. Kinachobaki ndicho ukilinganishe na bei ya mnunuzi aliyekufuata kijijini, na akitaka lumbesa, yaani gunia lililojazwa kupita kiasi, gawanya fedha yake kwa kilo halisi za gunia lake, si kwa kilo 90.