Je, mtoto anayezama hupiga kelele?

Wazazi na walezi wengi huamini kwamba mtoto akianza kuzama atapiga kelele na kurusharusha maji, hivyo mtu mzima aliye jikoni au uani atasikia na kuwahi kumwokoa. Imani hiyo inaeleweka, kwa kuwa mtoto akianguka au akiungua hulia papo hapo. Majini mambo ni tofauti: sauti hubebwa na pumzi, na mtoto ambaye mdomo wake umefunikwa na maji hana pumzi ya kulilia. Bana pumzi, kisha ujaribu kuita jina la mtu, nawe utaona.

Wala si lazima maji yawe ya kina cha ziwa au bahari. Mtoto anayejifunza kutembea ana kichwa kizito kulingana na mwili wake, na akitumbukia kichwa mbele kwenye ndoo iliyobaki na maji ya kufulia, mara nyingi hana nguvu za kujiinua. Sentimita 5 tu zinaweza kufunika pua na mdomo wake. Chukua rula upime kilichobaki kwenye beseni, ndoo na pipa lisilo na mfuniko. Dakika chache, muda wa kwenda dukani kununua chumvi, zinatosha kumpoteza.